Kipindi cha Jumamosi na Bangili za Kioo

Kiingereza changu nilijifunza kwa kumsomea mtu televisheni. Mtu huyo alikuwa mwenye nyumba wetu pale Bellevue, mjane wa Kitamil ambaye wapangaji wote tulimwita Ma. Nilichomsomea ni yale maandishi yanayopita chini ya skrini, huku wazee waliojipaka majivu kwenye paji la uso na vijana waliovaa makoti meupe ya maabara wakieleza, kwa lugha ambayo mimi sikuijua hata neno, kwa nini mababu zao walihifadhi maji ya kunywa kwenye vyombo vya shaba.

Mimi ni mzaliwa wa Buyenzi, ule mtaa wa Bujumbura ambao watoto wake hulia kwa Kiswahili. Nilifika Johannesburg na mume wangu nikiwa na Kiswahili cha nyumbani, Kirundi cha majirani, Kifaransa cha shule, na Kiingereza cha kusalimia tu. Mume wangu alipata kazi ya ulinzi katika maduka. Mimi nilikuwa fundi cherehani, nikishonea chumbani kwetu, uani kwa Ma. Nyumba yenyewe ilikuwa ya zamani, yenye baraza pana na dari za juu, imegawanywa vyumba kwa mbao. Ma alijibakizia viwili vya mbele. Marehemu mumewe, mwalimu, ndiye aliyeinunua miaka ile sheria za ubaguzi zilipoondolewa na watu wa rangi yao wakaruhusiwa kununua mitaa hiyo. Watoto wakakua wakahama, mwalimu akafariki, na binti yao, aliyekuwa muuguzi, akamsihi mama yake ahamie kwake Lenasia. Ma alikataa.

"Nikiondoka hapa," alisema, "nani atawagombeza hawa kwa kuacha bomba wazi?"

Kusoma kulianza Jumamosi moja mchana aliponiita nimpimie mapazia. Nilimkuta ameketi karibu na televisheni kiasi kwamba pua yake ilikaribia kugusa kioo. Macho yake yote mawili yalikuwa na mtoto wa jicho, na zamu yake ya upasuaji hospitalini ilikuwa bado. Nilipanda kiti, nikaanza kupima dirisha. Nyuma yangu akauliza, "Unajua kusoma?"

"Kifaransa vizuri, Ma. Kiingereza kidogo."

"Herufi si zilezile? Shuka, ukae hapa. Wanasema nini?"

Nikashuka nikakaa. Nikasoma. Nilikuwa natamka Kiingereza kama Kifaransa, na maneno yalikimbia kabla sijayafikia mwisho, kwa hiyo nilichomletea kilikuwa vipande: maji, usiku, wadudu, hufa. Ma alicheka mpaka akajifuta machozi kwa upindo wa sari yake. Kisha akanisahihisha neno moja moja, kama mtu anayechambua mchele, na kabla kipindi hakijaisha tulikuwa tumeelewa kwamba maji yakilala kwenye chombo cha shaba, vijidudu vingi hufa. Mapazia yalisubiri hadi Jumatatu.

Tangu siku hiyo Jumamosi mchana ikawa yetu. Kipindi kilikuwa mfululizo wa sehemu nyingi kuhusu sayansi iliyojificha ndani ya mila za kale za Watamil. Mtangazaji alikuwa mwanamume mrefu aliyevaa shuka nyeupe, mwenye sauti ya mtu anayekuletea habari njema kila anapofungua mdomo. Siku moja alituonyesha wanawake wakichora maua kwa unga wa mchele mbele ya mlango alfajiri, akaeleza kwamba ule unga ni chakula cha sisimizi na ndege, na kwamba kuinama kuchora ni mazoezi ya kiuno. Siku nyingine alipanda juu kabisa ya mnara wa hekalu, akatuonyesha vyungu vya shaba vilivyowekwa mbegu ndani yake, ili mafuriko yakisomba mashamba watu wapate cha kupanda.

Ma aliyapokea hayo kama mtu anayepokea salamu kutoka kwao. Lakini kwao hakukujua. Babu na bibi zake ndio waliovushwa bahari kuja kukata miwa Natal, na yeye alizaliwa huko, akasoma kwa Kiingereza. Kitamil alichobaki nacho, alisema, ni cha jikoni: chumvi, maji, njoo ule, usiguse, moto. Mtangazaji akitamka neno analolijua, alipiga makofi. "Hilo nalijua! Bibi yangu alikuwa akilisema!" Basi tukawa hivyo: mimi naleta maneno ya Kiingereza niliyoyadaka, yeye analeta ya Kitamil ya jikoni, na katikati tunapata habari. Nami nikawa namwambia ya kwetu. Kwamba bibi yangu Buyenzi alifukiza ubani nyumba nzima mtoto akizaliwa. Kwamba maji ya mtungi wa udongo yalikuwa baridi kuliko ya friji ya dukani. Ma alinisikiliza kwa umakini uleule aliompa yule mtangazaji.

Binti yake muuguzi alikuja Jumamosi nyingi akiwa na vyakula, akaketi nyuma yetu akitafuna. Yeye hakuwa mwepesi kuamini.

"Ma, huyu bwana anaanza na jibu, halafu ndio anatafuta swali," alisema siku moja.

"Na wewe unaanza na kuchelewa," Ma akamjibu bila kugeuka. "Kaa usikilize."

Lakini binti huyo alikuwa mtu wa haki. Pale kipindi kiliposema kweli, alisema ni kweli. Kuhusu shaba alikubali. Kuhusu mazoezi ya kiuno alicheka.

Sasa niseme jambo ambalo wakati huo, zaidi yangu, watu wawili tu walilijua: Ma na mume wangu. Mwaka uliotangulia nilikuwa nimepoteza mimba. Iliharibika mapema, kabla tumbo halijaonekana, na mume wangu alikuwa kazini. Ma ndiye aliyenikuta nimekaa sakafuni karibu na cherehani. Hakuniuliza kitu. Alinipeleka hospitali kwa teksi, akaningoja, akanirudisha, na kwa siku nyingi zilizofuata alinipigia hodi akiwa na bakuli la mchuzi mwembamba wa ukwaju na pilipili manga, akasimama mlangoni hadi nilipomaliza. Mama yangu Buyenzi sikumwambia. Ana moyo wa kushtuka, na hakuwa na namna ya kunifikia.

Kwa hiyo nilipopata mimba tena, niliibeba kama mtu anayebeba yai mkononi sokoni. Mwezi wa tano ukapita, wa sita ukapita. Nilikuwa nashonea watoto wa watu nguo za ubatizo, za Idi, za shule, lakini mwanangu sikumshonea hata kofia. Mume wangu alileta blanketi dogo la rangi ya maziwa kutoka Joubert Park. Nililiweka chini kabisa ya sanduku, nikamwomba asilete kitu kingine. Niliona kwamba nikijiandaa nitakuwa nimejitangaza, na nikijitangaza nitachukuliwa.

Ndipo ikaja Jumamosi ya bangili.

Mtangazaji alikuwa katika nyumba ya kijijini. Msichana mjamzito ameketi kwenye kiti, wanawake wamemzunguka, wanampaka manjano mashavuni na kumvisha bangili za kioo, nyekundu na kijani, hadi karibu na kiwiko. Mimi nikasoma: hii ni sherehe ya kuvisha bangili, hufanywa mimba ikifika mwezi wa saba. Nikasoma: mtoto tumboni sasa anaanza kusikia. Kisha akaonekana daktari mwanamke, ofisini kwake, akafungua mdomo ajibu swali, na umeme ukakatika. Ilikuwa siku za mgao.

"Eish!" Ma akasema. "Anasema nini? Mtoto anasikia nini?"

Binti yake alikuwa jikoni. Tukamwita. Akaja akifuta mikono, akaketi kwenye mkono wa kochi, akaniangalia tumbo kabla ya kutujibu.

"Kwamba mtoto anasikia mwezi wa saba, hiyo ni kweli," alisema. "Anasikia sauti ya mama yake, moyo wake, na sauti za nje pia, kwa mbali. Kwamba bangili zitamfanya awe na akili, hiyo sijui. Sijaona mtu aliyeithibitisha."

"Lakini atazisikia?"

"Atazisikia, Ma."

Ma akageukia upande wangu. Chumba kilikuwa na giza kidogo kwa sababu ya mapazia mazito niliyomshonea mwenyewe, na sidhani kama aliona uso wangu. "Tutakufanyia," akasema.

Nikakataa. Nilikataa kwa adabu kwanza, kisha nikakataa kwa kulia. Nilimwambia mimi ni Mwislamu, siwezi kuingia katika ibada ya watu wengine. Akasema, "Taa yangu nitaiwasha asubuhi chumbani kwangu, niombe peke yangu. Wewe utakuja mchana. Sebuleni ni bangili na chakula, basi." Nilimwambia kwetu hatufanyi sherehe ya mtoto ambaye hajafika. Akasema jambo ambalo bado nalishukuru.

"Sherehe hii si ya mtoto. Ni ya mama. Mtoto yeye anasikiliza tu."

Jioni nilimweleza mume wangu. Alikuwa anavua buti zake za kazini. Alifikiri, akasema, "Bangili hata bibi yangu alivaa. Huyo mama alikubeba siku ambayo mimi sikuwepo. Mwache akufurahie." Kisha, bila kuniangalia, akaongeza, "Na wewe ujifurahie kidogo."

Siku ilipofika, nyumba yote ilinukia nazi na majani ya mchuzi yaliyokaangwa. Ma alikuwa amepika wali wa kila namna: wa limau, wa ukwaju, wa nazi, wa mtindi, na mmoja wa sukari guru uliokuwa mtamu hadi meno yakauma. Binti yake alileta bangili kutoka Fordsburg, zimefungwa kwenye gazeti zisivunjike. Walikuja wanawake wachache wa ukoo wao kutoka Lenasia, na kwa upande wangu alikuja jirani yangu wa chumba cha pili, msusi Mkongomani, amevaa kitenge kipya na wigi la harusi. Mimi nilivaa gauni la kijani nililoshona wiki hiyo hiyo. Lilikuwa vazi la kwanza nililojishonea tangu mwaka uliotangulia.

Walinikalisha kwenye kiti katikati ya sebule. Mwanamke mzee kuliko wote, wifi yake Ma, akachukua sinia la bangili, akauliza nani aanze. Akamwita mmoja wa wale wa Lenasia, mwenye mume na watoto watatu. Yule akainuka. Mimi nikamtafuta Ma kwa macho, nikamwona amesimama kwenye mlango wa jikoni, nyuma ya kila mtu, ameshika kitambaa cha vyombo.

"Ma, mbona umesimama huko?" nikamwita.

"Naangalia vyakula."

"Vyakula vimeshaiva."

Wifi yake akanigusa bega kwa upole. "Yeye ni mjane, mtoto wangu. Katika jambo hili mjane hagusi bangili. Ni kwa heri yako wewe."

Alisema bila ubaya wowote, kama mtu anayekueleza mlango uko wapi. Na Ma alikuwa ametabasamu, tabasamu la mtu aliyejizoesha zamani. Nikaelewa kwamba alijua tangu Jumamosi ile alipotamka "tutakufanyia." Alijua kwamba atanunua, atapika, atapanga viti, na mwisho atasimama jikoni.

Sikuwa na Kiingereza cha kutosha kwa jambo kama hilo, lakini kilichokuwepo nilikitumia. Nikasema, "Mama yangu naye ni mjane. Baba yangu alifariki nikiwa mdogo. Leo angekuwa hapa, mngemweka jikoni?"

Nikaogopa kwamba nimevuka mpaka katika nyumba ya watu. Ma ndiye aliyenijibu, kutoka palepale mlangoni.

"Kile kipindi nimekitazama tangu kilipoanza," alisema polepole. "Wameeleza shaba. Wameeleza manjano, na unga wa mlangoni, na mbegu za juu ya hekalu. Kila Jumamosi nilikuwa nangoja siku watakapoeleza hili. Kwa nini mkono wangu, ambao ulikuwa wa heri asubuhi, ukawa wa mkosi jioni mume wangu alipofariki. Nilidhani wenye makoti meupe watakuwa na sababu." Akakunja kitambaa. "Hawajalitaja."

Nilimtazama binti yake, aliyekuwa na jibu kwa kila kipindi. Aliinuka, akalichukua sinia mikononi mwa shangazi yake, na yule mzee hakulishikilia. Alilipeleka hadi mlangoni, akalisimamisha mbele ya mama yake. Nadhani wote tulikuwa tunamngoja wifi aseme. Alikaa akijitengeneza sari begani, akavuta pumzi.

"Ndugu yangu angekuwa hai angenicheka," akasema. "Njoo, dada. Aliyempikia ni wewe, uanze wewe."

Ma akaja. Kwa vile hakuona vizuri, alinishika mkono akaupapasa kwanza, kifundo, kiganja, vidole, kisha akavikusanya vidole vyangu pamoja na kukibana kidole gumba ndani, kama fundi anayejua kazi, na bangili ya kwanza ikateleza ikapita. Alisema maneno mawili matatu kwa kile Kitamil chake cha jikoni. Sikuuliza maana yake. Huenda yalikuwa "njoo ule", kwangu yalitosha.

Akavisha ya pili, na ya tatu, zikagongana, na mwanangu akaruka tumboni kwa nguvu hadi gauni likacheza. Nikapiga ukelele. Wakadhani nimeumia. Nilipowaonyesha, Mkongomani wetu alipiga vigelegele vikali hadi wale mama wa Lenasia wakashtuka, kisha mmoja akajaribu kuviiga, akashindwa, na chumba kizima kikaangua kicheko. Ma alikuwa bado ameshika mkono wangu. Aliuweka wake mwingine juu ya tumbo, akangoja teke jingine, akalipata.

Kesho yake asubuhi nilianza kushonea mtoto. Nilianza na kofia, kisha vijinguo, kisha nikachukua vipande vya vitambaa vya wateja na kutengeneza mto mdogo ambao hakuna aliyeuhitaji. Kila nilipozungusha gurudumu la cherehani, bangili zililia. Nilizoea kuongea na mtoto juu ya sauti hiyo, kwa Kiswahili, nikimweleza ninachoshona. Sijui kama kulimwongezea akili. Mimi kuliniondolea hofu, na hofu ikiondoka, mikono hufanya kazi.

Alizaliwa hospitali, wa kike, mzito, mwenye sauti. Sista wa zamu, mama wa Kizulu mwenye mikono mipana, alikuwa ameniagiza nivue vitu vyote vya mkononi, nami nikamwambia, kama Ma alivyonifundisha, kwa Kiingereza kilichonyooka kabisa, kwamba kwa mila ya mama yangu bangili hizi ni za mwanamke atakayempokea mtoto. Akaniuliza mimi ni Mhindi wa wapi. Tulicheka katikati ya uchungu. Alipomaliza kazi yake alizivaa mbili, nyingine akaziweka mfukoni kwa ajili ya wenzake wa zamu, akaniambia, "Sharp, dada," yaani mambo safi.

Mama yangu nilimpigia siku hiyohiyo, na nilimweleza yote, hata lile la mwaka uliotangulia. Alilia, kisha akataka kuzungumza na huyo mwanamke. Basi arobaini yangu yote ilipita hivyo: mimi kitandani kwa Ma, kwa maana alikataa nilale uani kwenye baridi ile ya Juni, na simu imeegemezwa kwenye bakuli la matunda, Buyenzi upande mmoja na Bellevue upande wa pili, mimi nikitafsiri. Mama alisema nikandwe tumbo kwa maji ya moto. Ma alisema kwanza mafuta ya ufuta. Mama alitaka ninywe uji kila asubuhi. Ma alipika vitunguu saumu hadi jasho langu likanukia. Kuhusu kumwogesha mtoto walikosana kabisa, mmoja akisema maji yawe ya uvuguvugu tu, mwingine akisema ya moto ili mifupa ikaze.

"Mwambie," mama alisema siku moja, "kwamba huyo mtoto si kuku wa kunyonyolewa."

Nikamgeukia Ma, nikamwambia, "Mama anakushukuru sana, anauliza kama maji hayajazidi moto kidogo."

"Mwambie nimelea wanne na wote wana mifupa."

Nikarudi kwenye simu. "Anasema ahsante kwa ushauri, mama. Anasema wewe ndiye mwenye mjukuu."

Kisha mama akasema, kwa sauti laini, "Mwambie basi ni wetu sote. Lakini apunguze maji." Nikatafsiri sehemu ya kwanza neno kwa neno. Ma aliitikia kwa kichwa, akachovya kiwiko chake ndani ya beseni, akafikiri, akaongeza kikombe cha maji baridi.